Kwa nini kitovu cha Mombasa kimekuwa kikihama, na tuusomeje uhamaji huo kwenye ramani?

Mwalimu wa Tudor aliuliza:

Wenzangu, assalaam alaykum. Ninafundisha jiografia katika shule ya upili hapa kisiwani, na muhula huu nimewapa wanafunzi wa kidato cha tatu ramani tatu za Mombasa wazilinganishe: moja ya miaka ya mwanzo ya karne ya 20, moja ya miaka iliyofuata uhuru, na picha ya setilaiti ya hivi karibuni. Katika ya kwanza nyumba zimesongamana upande wa mashariki wa kisiwa, karibu na Bandari ya Kale na Ngome ya Yesu, na upande wa magharibi una mashamba na vichaka tu. Katika ya pili kisiwa kimejaa na shughuli kubwa ziko Kilindini, bandari ya upande wa magharibi. Katika ya tatu wingi wa mapaa umeshavuka maji, uko Kisauni, Likoni na Jomvu, na unaendelea hadi nje ya mipaka ya kaunti.

Nilipowauliza sababu, karibu wote waliandika "ongezeko la watu" wakaweka nukta. Jibu hilo haliniridhishi, kwa kuwa linaeleza kwa nini mji umekuwa mkubwa lakini halielezi kwa nini umekua kuelekea upande huu na si ule. Naomba basi msaada katika mambo mawili. La kwanza, ni nguvu gani hasa zilizouvuta mji kutoka mashariki kwenda magharibi, kisha kutoka kisiwani kwenda bara? La pili, mpangilio wa namna hii hubadilika hatua kwa hatua, au hutulia kwa miongo mingi kisha ukageuka ghafla? Ningependa mifano ya hapa hapa, maana vitabu vyetu vimejaa mifano ya miji ya Ulaya ambayo watoto hawa hawajapata kuiona.

Karani Mstaafu wa Bandari alijibu:

Wa alaykum salaam, Mwalimu. Kwa sehemu ya kwanza ya swali lako ningekushauri uwaambie wanafunzi waache kuitazama nchi kavu kwa muda na waulize chombo cha baharini kilikuwa kinahitaji nini, kwa sababu mji huu ulijengwa na bahari kabla ya kujengwa na barabara.

Jahazi lililokuja na upepo wa kaskazi kutoka Uarabuni, Ghuba au Bara Hindi, na kurudi na upepo wa kusi, halikuhitaji kina kirefu. Lilihitaji maji yaliyotulia, mlango wa bahari unaoingilika kwa tanga, na ufuko ambao chombo kingeweza kupwelewa ili kikwanguliwe na kutiwa kalafati, yaani kuzibwa nyufa, maji yanapokupwa. Upande wa mashariki wa kisiwa ulitoa yote hayo. Ndiyo maana Wareno walipoanza kujenga Ngome ya Yesu mwaka 1593 waliiweka kwenye mlango wa bandari hiyo, hawakuiweka Kilindini. Ibn Battuta alipopita hapa mwaka 1331 aliandika kwamba wenyeji hawakuwa wakilima nafaka, bali ililetwa kwao kutoka kwingine. Hiyo ni dalili kwamba hata wakati ule watu walikuwa kisiwani kwa ajili ya njia ya bahari, wala si kwa ajili ya rutuba ya udongo. Ramani yako ya kwanza ni picha ya mwisho wa mfumo huo, na mfumo wenyewe ulikuwa na umri wa karne nyingi.

Kina cha Kilindini kilikuwepo muda wote huo. Hili ndilo jambo ambalo ningependa wanafunzi walishike: maumbile ya upande wa magharibi hayakubadilika hata kidogo, kilichobadilika ni mahitaji ya watu. Meli za mvuke zilipokuwa kubwa katika nusu ya pili ya karne ya 19, hasa baada ya Mfereji wa Suez kufunguliwa mwaka 1869, Bandari ya Kale ikawa finyu na Kilindini ikapata thamani ambayo haikuwahi kuwa nayo. Kisha ikaja reli. Ilianza kujengwa hapa mwaka 1896, ikafika Nairobi mwaka 1899, na mwishoni mwa 1901 ilikuwa imefika Ziwa Victoria. Vifaa vyake vilishushwa Kilindini, na njia yake ilitoka huko ikavuka mkondo wa Makupa kuelekea bara. Tangu siku hiyo mzigo wa Uganda haukuwa na sababu ya kupita Mji wa Kale.

Hata hivyo msifikiri kwamba bandari mpya ilikamilika mara moja. Kwa miaka mingi meli zilitia nanga katikati ya maji, na shehena ikaletwa ufukoni kwa matishari, yaani mashua bapa za mizigo. Gati za kwanza za maji marefu zilifunguliwa mwaka 1926, yaani miaka 30 baada ya reli kuanza. Baada ya hapo kazi ikavuta kazi: matangi ya mafuta Shimanzi, maghala na karakana kando ya reli, na makazi ya vibarua Majengo, Tononoka na Makupa. Bandari ilipohitaji nafasi zaidi ilivuka hadi upande wa bara, Kipevu, ambako kituo kipya cha makontena kilifunguliwa mwaka 2016 na awamu yake ya pili mwaka 2022.

Nina neno moja la kuongeza kuhusu Changamwe. Kiwanda cha kusafisha mafuta kilianza kazi huko mwaka 1963, na kwa miaka 50 kilikuwa miongoni mwa sababu za watu kuhamia maeneo ya Magongo na Mikindani. Usafishaji ulisimama mwaka 2013, lakini mitaa haikuondoka. Barabara zilikwisha kuchongwa, shule, misikiti na makanisa yalikwisha kujengwa, na vijana waliozaliwa pale wakatafuta kazi nyingine bila kuhama. Mji wa Kale nao uko vivyo hivyo: majahazi yamepungua mno, lakini mtaa wa Ndia Kuu na soko la Marikiti bado vina watu wao. Kwa hiyo ramani ya leo si picha ya mahitaji ya leo peke yake. Ndani yake mna tabaka za mahitaji yaliyokwisha kupita, na mwanafunzi asiyelijua hilo atatafuta sababu ya sasa kwa jambo ambalo sababu yake ilikufa zamani.

Mpimaji wa Ardhi, Changamwe, alijibu:

Nakubaliana na Mzee Karani kuhusu magharibi. Kwa upande wa bara, mimi nashikilia kwamba cha kutazamwa ni vivuko. Kisiwa kimezungukwa na maji pande zote, na kila njia ya kuyavuka imezaa mtaa wake ng'ambo ya pili.

Chukueni upande wa kaskazini. Katika miaka ya 1870 wamisionari wa Kianglikana walianzisha Frere Town, makazi ya watu waliokombolewa kutoka utumwani, na ni hapo Kisauni karibu kabisa na mji. Hata hivyo kwa miaka mingi pakabaki kijiji na mashamba, kwa kuwa kila mtu alivuka kwa mashua. Mwaka 1931 likawekwa daraja la kuelea la Nyali, na pwani ya kaskazini ikaanza kupata nyumba za matajiri na hoteli za ufukoni. Kiwanda cha saruji cha Bamburi kilianza uzalishaji mwaka 1954, kikaweka ajira kilomita kadhaa mbali na kisiwa. Mwaka 1980 likafunguliwa daraja la Nyali tunalolitumia sasa, na hapo mlango ukawa wazi: Kongowea, Bombolulu, Mishomoroni, Mtopanga, Kiembeni, hadi Mtwapa ambayo iko Kaunti ya Kilifi lakini kila asubuhi huwaleta watu wake Mombasa kazini. Tusisahau maji pia. Visima vya kisiwa visingeweza kuulisha mji wa ukubwa huu, na bomba la kutoka chemchemi za Mzima, lililokamilika mwaka 1957, lilikuwa sharti la upanuzi huo sawasawa na daraja.

Sensa zinathibitisha. Eneo la Mvita, ambalo ndilo kisiwa, lilikuwa na watu takribani 146,000 mwaka 1999, likashuka hadi 143,128 mwaka 2009, likapanda hadi 154,171 mwaka 2019. Katika muda huo huo Mombasa nzima ilitoka 665,018 ikafika 939,370, kisha 1,208,333. Kisiwa kilikuwa na zaidi ya mkaazi mmoja kati ya kila watano. Sasa kina mmoja tu kati ya wanane. Ongezeko lote, ukiondoa sehemu ndogo sana, limekwenda ng'ambo ya maji.

Mkaazi wa Likoni alijibu:

Kaka Mpimaji, hoja yako ya vivuko ni nzuri, lakini takwimu unazozitegemea zikisomwa mpaka mwisho zinaleta tatizo. Likoni haina daraja linaloiunganisha na kisiwa. Tunategemea feri, na kila anayevuka hapa anajua maana ya kusimama kwenye foleni saa moja asubuhi feri moja ikiwa imeharibika. Kama kivuko kizuri ndicho kinachoamua watu wakae wapi, Likoni ingepaswa kukua polepole kuliko sehemu zote. Lakini ilikuwa na watu 166,008 mwaka 2009, na mwaka 2019 ilikuwa na 250,358, ongezeko la zaidi ya nusu. Kisauni, ambako watu hupitia daraja, ilitoka 194,065 hadi 291,930, kiwango kile kile. Na Nyali, ambayo iko mdomoni mwa daraja lenyewe, iliongezeka kutoka 185,990 hadi 216,577 tu, yaani kama asilimia 16.

Kwangu mimi maelezo yako kwenye ardhi na kodi ya nyumba. Karibu na daraja ardhi imekwisha kupanda bei, na mwenye kipato kidogo husukumwa mbele zaidi, ama avuke daraja aende hadi Utange, ama avuke kwa feri aje kwetu Mtongwe au Timbwani. Kuvuka kwa feri kwa miguu hakulipiwi, na kwa familia ya kibarua hilo lina uzito mkubwa kuliko dakika 40 za kungoja. Kivuko kinafungua uwezekano. Bei ndiyo inayochagua nani aende wapi.

Na bei hiyo ina historia yake. Sheria ya hatimiliki ya mwaka 1908 iliwataka wenye madai ya ardhi ya mwambao wayathibitishe ili wapate hati. Waliofaulu walikuwa hasa wenye uwezo na maandishi, na wengi wa waliokuwa wakiishi na kulima bila karatasi wakageuka kuwa maskwota juu ya ardhi ile ile. Ndiyo asili ya utaratibu tunaoufahamu sote, ambapo mtu anamiliki nyumba lakini kiwanja ni cha mwingine, naye hukilipia kodi ya ardhi. Majengo imejengwa hivyo, na sehemu kubwa ya Likoni na Kisauni pia. Utaratibu huo umewezesha watu wengi kujenga haraka kwa gharama ndogo, lakini umefanya wajenge nyumba ya chini isiyo na ghorofa, kwa sababu hakuna anayethubutu kuweka zege la orofa tatu juu ya kiwanja ambacho anaweza kuondolewa. Mwalimu aliposema kwamba mapaa yameenea, jibu moja la kwa nini yameenea badala ya kupanda juu ni hilo.

Nina tahadhari nyingine ambayo ni ndogo lakini inawahusu wanafunzi. Sensa ya 2019 ilihesabu watu mahali walipolala usiku wa tarehe 24 Agosti. Kisiwa cha usiku na kisiwa cha saa nne asubuhi ni miji miwili tofauti. Ukisema kitovu kimehamia bara kwa sababu ya hesabu ya vitanda, utakuwa umesahau kwamba benki, mahakama, ofisi za kaunti na sehemu kubwa ya biashara ya jumla bado ziko Mvita. Makazi yamehama, kitovu cha kazi kimesogea kidogo tu.

Mwalimu wa Tudor aliandika:

Ahsanteni sana. Tofauti ya makazi na kazi, aliyoitaja dada wa Likoni, nitaifanya zoezi la wiki ijayo. Mmoja wa wanafunzi ameniuliza jambo ambalo sikulitarajia: je, kisiwa chenyewe kimekuwa kisiwa siku zote, au nacho ni sehemu ya mabadiliko haya? Na swali langu la pili, la haraka na polepole, bado halijaguswa vya kutosha.

Mtafiti wa Mikoko alijibu:

Mwanafunzi huyo apewe peremende. Hakikuwa kisiwa siku zote.

Mwamba tunaoukanyaga, ule wa mawe ya matumbawe yanayochongwa kwa ajili ya kuta za Mji wa Kale, ni miamba iliyokua chini ya maji wakati bahari ilipokuwa juu kuliko ilivyo leo. Kipindi mashuhuri cha aina hiyo kilikuwa takribani miaka 125,000 iliyopita. Baadaye dunia ikapoa, barafu ikajikusanya kwenye maeneo ya ncha za dunia, na kufikia miaka 20,000 iliyopita bahari ilikuwa imeshuka kwa karibu mita 120. Wakati huo mito inayotoka upande wa Rabai na Mazeras haikuishia hapa. Iliendelea kuchonga mabonde katika mwamba hadi kwenye ufuo uliokuwa mbali zaidi na chini zaidi. Barafu ilipoyeyuka, maji yakapanda na kuyajaza mabonde hayo. Hori la Tudor, yaani mkono wa bahari ulioingia nchi kavu, ni bonde la mto lililozama, na Kilindini pamoja na hori la Port Reitz ni jingine. Kina ambacho Mzee Karani amesema kilikuwepo muda wote kilichongwa na mto, na meli za makontena leo zinapita juu ya njia yake.

Hapo pia pana jibu la swali la pili, Mwalimu, ingawa si jibu la neno moja. Bahari ilipanda kwa maelfu ya miaka, na hakuna kizazi kimoja ambacho kingeweza kusema "leo pamekuwa kisiwa". Lakini ndani ya mwendo huo wa polepole hutokea misukosuko ya ghafla. Mvua za El Niño za 1997 na 1998 zilileta tope jingi mno katika hori la Mwache, mizizi ya mikoko ikafukiwa, na sehemu kubwa ya msitu ikakauka katika muda mfupi. Mwaka huo huo wa 1998 joto la bahari likapausha matumbawe katika pwani yetu. Tope lenyewe, hata hivyo, lilikuwa limeandaliwa kwa miongo mingi na ukataji wa miti na ukulima wa kwenye miteremko ya juu. Mabadiliko ya polepole yalijaza bunduki, mvua ikafyatua.

Ya wanadamu yana tabia hiyo hiyo kwa mpangilio wa kinyume. Uamuzi hufanyika siku moja, kisha mandhari huchukua miaka 30 au 40 kuufuata. Makupa ni mfano ambao wanafunzi wanaweza kwenda kuutazama. Palipokuwa na mkondo wa maji kati ya hori la Tudor na Port Reitz palijazwa kifusi ili barabara ipite, na pande hizo mbili za bahari zikatenganishwa kwa miongo. Mwaka 2022 likafunguliwa daraja jipya na kifusi kikaondolewa ili maji yapite tena. Kwa hiyo kuna mtu wa makamo aliyezaliwa Mombasa isiyokuwa imezungukwa na maji kikamilifu, naye sasa anaishi juu ya kisiwa kamili. Jinsi tope na mikoko vitakavyojipanga upya pale ni jambo la kufuatiliwa kwa miaka mingi, na ningefurahi kama shule moja ingeanza kupiga picha ya mahali pale pale kila mwaka, maji yakiwa yamekupwa.

Mpimaji wa Ardhi, Changamwe, alijibu:

Dada wa Likoni, hoja ya kodi naikubali, na takwimu za Nyali zinaipa nguvu. Ila kuna mtego katika jedwali hilo ambao Mwalimu anapaswa kuuonyesha darasani. Ukisoma Changamwe peke yake utaona imepungua kutoka 147,613 hadi 131,882, huku Jomvu ikiruka kutoka 102,566 hadi 163,415. Kabla ya kutunga sababu ya watu kukimbia Changamwe, ni lazima ukumbuke kwamba maeneo hayo mawili yalikuwa eneobunge moja mpaka uchaguzi wa 2013, na mstari uliochorwa kati yake unapita katikati ya mitaa inayoshikana. Ukiyajumlisha, yalikuwa na 250,179 na sasa yana 295,297, ongezeko la asilimia 18. Hivyo hivyo Kisauni na Nyali zilikuwa kitu kimoja katika sensa ya 1999. Mpaka unapohama, ramani inaweza kuonyesha uhamaji wa watu ambao hawakwenda popote.

Kuhusu uamuzi na matokeo, wanafunzi wako wana bahati ya kushuhudia viwili vikiwa vichanga. Reli ya kisasa ilifunguliwa mwaka 2017 na kituo chake kikawekwa Miritini, si mjini. Na barabara ya Dongo Kundu, kutoka Miritini kupitia Mwache na Mteza hadi barabara ya Likoni kwenda Lunga Lunga, imekamilika mwaka 2024. Sasa lori linaweza kutoka bandarini Kipevu hadi pwani ya kusini bila kukanyaga kisiwa wala feri. Nadhani ardhi ya nyuma ya Likoni itabadilika kuliko ufuko wake, lakini hiyo ni dhana ya mpimaji, haijawa takwimu.

Mwalimu akitaka kuipima, picha za setilaiti za Landsat zinapatikana bure na zinarudi nyuma hadi mwaka 1972, na za Sentinel-2 zilianza 2015. Achukue za mwezi mmoja wa kiangazi katika kila mwaka atakaolinganisha, kwa sababu baada ya masika majani hufunika nyumba na darasa litadhani mtaa umepungua. Na awatahadharishe kwamba chembe moja ya picha ya Landsat, kwa zile za tangu miaka ya 1980 (za kabla ya hapo ni kubwa zaidi), ni mita 30 kwa 30, eneo ambalo nyumba kadhaa za Mtongwe hukaa pamoja na uchochoro wake, kwa hiyo wahesabu eneo lililojengwa, wasijaribu kuhesabu mapaa.